Kupisha uchunguzi: nusu mshahara nyumbani, meza nyingine, au abaki kazini?

Ijumaa moja ya Aprili, mvua ya masika ikipiga bati la ofisi yetu hapa Moshi, nilimkabidhi mtunza stoo wa dawa barua ya kumsimamisha kazi. Wakati huo nilikuwa afisa utumishi wa halmashauri. Aliisoma akiwa amesimama, akaomba kalamu, akaandika "Nimepokea" na tarehe kwenye nakala ya jalada, kisha akatoa mkobani funguo tatu zilizofungwa kwa uzi mwekundu. "Huu mkubwa unakwama, dada," akaniambia. "Atakayekuja mwambieni auvute kwanza kidogo ndipo azungushe." Akafungua mwavuli, akaenda zake.

Alirudi kazini Juni ya mwaka uliofuata. Miezi 14. Kamati ya uchunguzi ilipoundwa hatimaye, ilifanya kazi siku 3. Sehemu kubwa ya dawa zilizosemwa zimeibwa ilikutwa kwenye hati za kutolea bidhaa za zahanati mbili, hati ambazo mtu alikuwa amezifunga kwenye faili lisilo lake. Kosa lililobaki mkononi mwa mama yule lilikuwa kuchelewa kujaza leja, akapewa onyo. Barua ile niliiandika mimi, na mpaka leo sijaacha kuifikiria.

Nimestaafu. Lakini maafisa utumishi vijana, na madiwani wawili watatu ninaofahamiana nao, bado hunipigia simu na swali lilelile: "Mama, huyu tumsimamishe, tumhamishe, au tumwache aendelee wakati tunachunguza?" Kwenye simu mtu hujibu kwa haraka. Hapa nataka kuziweka njia hizo tatu bega kwa bega, nieleze kila moja inamfaa nani na inaharibu nini, kwa sababu uchaguzi huu hufanywa kwa dakika kumi mwisho wa kikao na mtu huishi nao mwaka mzima.

Neno moja, mambo mawili

Kiswahili chetu cha ofisini hutumia "kusimamishwa kazi" kwa mambo mawili tofauti. Yuko mtumishi anayewekwa pembeni kupisha uchunguzi, huku akilipwa nusu mshahara. Yuko pia yule aliyekwisha kutiwa hatiani mahakamani kwa kosa la jinai, akisubiri mamlaka yake ya nidhamu iamue hatima yake. Huyu wa pili simzungumzii. Namzungumzia yule ambaye bado hakuna aliyethibitisha lolote juu yake.

Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298, ilitungwa 2002. Kanuni zake zilitoka 2003, na mwaka 2022 zikatolewa nyingine kuchukua nafasi ya hizo. Mimi nilizifanyia kazi zile za 2003 karibu utumishi wangu wote. Zilisema mamlaka ya nidhamu inaweza kumsimamisha mtumishi inapoona maslahi ya umma yanataka aache mara moja kutumia madaraka ya nafasi yake, na pale ambapo shauri la nidhamu au la jinai limeanza au liko mbioni kuanza. Na mshahara wake usishuke chini ya nusu. Hayo ni masharti, na yote hutakiwa kuwepo kwa pamoja. Hasira ya wananchi haimo, wala kelele za kwenye makundi ya WhatsApp ya kata.

Juu ya Kanuni kuna Katiba. Ibara ya 13(6) inampa mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu na haki ya kukata rufaa, na inakataza aliyeshtakiwa kwa jinai kutendewa kama mwenye hatia kabla hatia haijathibitika. Ukiisoma ibara hiyo kisha ukaisoma barua ya kawaida ya kumsimamisha mtu, utaona barua nyingi zimeandikwa na mtu aliyekwisha kuhukumu: "kutokana na wizi ulioufanya". Kama wizi umeshathibitika, uchunguzi ni wa nini?

Halafu kuna swali la nani anayesimamisha. Kwa watumishi wengi wa halmashauri mamlaka ya nidhamu ni halmashauri yenyewe, yaani baraza la madiwani. Kwa walimu ni Tume ya Utumishi wa Walimu, iliyoundwa kwa sheria ya 2015. Kiongozi anayesimama kwenye mkutano wa hadhara, akamwita nesi mbele ya umati na kumwambia kuanzia leo hana kazi, hana kalamu ya kuandika barua hiyo. Tulizoea sana mtindo huo kuanzia mwisho wa 2015, enzi za kutumbua majipu, na sitadanganya: watu walishangilia kwa dhati, maana walikuwa wamechoka kuombwa rushwa kila dirisha. Lakini kishindo kile kiliwaachia maafisa utumishi kazi ngumu ya kurudi ofisini na kutafuta kosa la kuandika chini ya adhabu iliyokwisha kutangazwa.

Nusu mshahara nyumbani

Hii ndiyo njia iliyozoeleka, na ndiyo ninayoijua vizuri kuliko nyingine, kwa hiyo nitakaa hapa.

Faida yake ni ya kweli. Mtu mwenye madaraka juu ya mashahidi hawezi kuchunguzwa huku akiwa ofisini kwake. Fikiria mkuu wa idara anayetuhumiwa kuwalazimisha wahasibu wake wasaini malipo hewa. Wahasibu hao ndio mashahidi. Kila asubuhi wanampitia mlangoni kwake, yeye ndiye anayesaini likizo zao na ndiye anayewajazia alama za utendaji. Huyo lazima aondoke. Nilimshuhudia karani mmoja ambaye wiki ya kwanza alisema hajui lolote. Bosi wake alipoondolewa, wiki ya tatu alileta bahasha ya nakala alizokuwa amezificha nyumbani chini ya godoro.

Vivyo hivyo mwalimu anayetuhumiwa kwa uhusiano na mwanafunzi. Huyo aondoke shuleni siku hiyohiyo. Haki yake ya kusikilizwa ibaki palepale, lakini mtoto asikutane naye tena darasani.

Sasa gharama yake. Tuseme mtumishi anapata shilingi 900,000. Nusu yake ni 450,000. Watumishi wengi wana mkopo wa benki unaokatwa moja kwa moja kwenye mshahara. Tuseme marejesho ni 310,000 kwa mwezi. Zinabaki 140,000, na hapo bado kodi, mchango wa PSSSF (mfuko wa pensheni), bima ya afya, ada ya chama, na kama alisomeshwa kwa mkopo wa Bodi ya Mikopo, makato ya Bodi nayo. Utaratibu wetu wa kwamba makato yamwachie mtumishi walau theluthi moja ya mshahara ulipigiwa hesabu kwenye mshahara mzima. Kwenye nusu unaporomoka. Hata tukisahau hayo makato mengine yote, 140,000 ni chini ya shilingi 5,000 kwa siku, kwa nyumba yenye kodi, ada na wazazi kijijini.

Mama wa stoo alihama chumba chake Pasua mwezi wa tatu, akarudi kihambani kwa wazazi wake Uru. Barua zetu zilimtaka mtumishi aliyesimamishwa asitoke nje ya kituo chake cha kazi bila ruhusa, na aripoti kusaini daftari. Kwa hiyo alikuwa akishuka kwa daladala kila wiki, anasaini, anapanda kurudi. Sikuwahi kumsikia akilalamika. Alikuwa akisimama pembeni ya meza ya masjala kama mgeni, kwenye ofisi aliyoitumikia miaka 19, akisubiri karani amalize kunywa chai ndipo amletee daftari.

Na hiyo ndiyo sehemu ambayo hesabu ya mshahara haiioni. Hapa kwetu mtu akikaa nyumbani siku ya kazi, mtaa mzima unajua. Kanisani wanajua, kwenye kikoba wanajua. Baba mmoja aliyesimamishwa aliendelea kuamka saa kumi na mbili, kuvaa shati lililopigwa pasi na kutoka, ili wanawe wasijue. Alikuwa akikaa karibu na stendi kuu mpaka jioni. Kanuni zinasema akionekana hana hatia atalipwa kile kilichozuiliwa. Atalipwa, ndiyo. Lakini riba ya mkopo wa mtaani aliochukua mwezi wa tano nani ataibeba? Na aliyepewa onyo dogo, kama mama wa stoo, ile nusu iliyozuiliwa inageuka mjadala mpya: arudishiwe yote, kiasi, au hapana? Kwa mama yule mjadala huo peke yake ulimaliza miezi mingine 5.

Kuna ubaya mmoja zaidi, nao uko kwetu sisi tulio ofisini. Nusu mshahara ni nafuu kwa mwajiri. Mtu akishaondoka, na nusu ya fedha yake inabaki, hakuna anayesukumwa na lolote kuunda kamati. Robo ya mwaka inapita, kikao cha baraza kinaahirishwa, mkurugenzi anahamishwa, faili linasubiri. Sijawahi kuona mtu akiamua kwa makusudi kumchelewesha mtumishi miezi 14. Nimeona tu watu wema wengi wakisema "wiki ijayo".

Meza nyingine

Njia ya pili ni kumwondoa mtu kwenye nafasi inayohusika na tuhuma, umpe kazi nyingine kwa mshahara uleule mpaka uchunguzi uishe. Mtunza stoo aende masjala. Afisa manunuzi asaidie kwenye mipango. Mhudumu wa mapokezi anayetuhumiwa kupokea fedha bila risiti aende wodini kusaidia kazi zisizo na fedha.

Kwa tuhuma nyingi za fedha na vifaa, hii ndiyo ninayoipendekeza siku hizi, na sababu ni ya kiufundi. Kanuni hizi zilipotungwa mara ya kwanza, ushahidi ulikuwa karatasi kabatini, na mwenye ufunguo wa kabati angeweza kuuchoma jioni moja. Leo mapato ya halmashauri yanapita kwenye mfumo wa TAUSI, malipo kwenye MUSE, na hospitali nyingi zinatumia GoTHOMIS. Kila muamala unaacha jina na saa ya aliyeuingiza. Ukimfungia mtu nywila na ukachukua funguo zake kwa makabidhiano yenye mashahidi, umekwisha kulinda sehemu kubwa ya ushahidi bila kumgusa mshahara.

Ina mitego yake. Wa kwanza ni kuitumia kama adhabu: mtu anatuhumiwa mjini, unamtupa zahanati ya mbali kabisa, unasema "tumemhamisha tu". Ukimhamisha nje ya kituo anastahili gharama za mizigo na posho ya usumbufu, na halmashauri inayodaiwa haimlipi. Sasa umempa adhabu na deni pamoja. Meza nyingine iwe kwenye kituo hichohicho au karibu.

Mtego wa pili ni mbaya zaidi, na naomba usomwe polepole. Usimhamishie shule nyingine mwalimu anayetuhumiwa kwa mwanafunzi. Usimhamishie wodi nyingine mhudumu anayetuhumiwa kumdhuru mgonjwa. Hapo hujalinda uchunguzi; umepeleka hatari kwa watoto wengine na wagonjwa wengine ambao hawajaambiwa. Uhamisho unafaa pale ambapo hatari iko kwenye kabati, fedha au saini. Hatari ikiwa kwenye mtu anayekutana na wanyonge, mtu huyo akae nyumbani.

Na kuna jambo dogo la staha. Mpe kazi ya kweli. Mtumishi aliyekalishwa kwenye kiti koridoni kutwa nzima bila jalada hata moja, wenzake wakimkwepa, ameadhibiwa tayari.

Abaki palepale

Hili nitalipitia haraka. Tuhuma za mahudhurio, lugha mbaya kwa mteja, ripoti iliyochelewa, leja isiyojazwa: mwache mtu kazini, mwandikie, ajieleze kwa maandishi, mmalize. Hata kwa mkusanya mapato aliyeonekana na upungufu wa siku moja, mara nyingi inatosha kumchukulia mashine ya POS, kulinganisha alichokusanya na kilichopelekwa benki, na kumsikiliza. Pengine mtandao ulikatika sokoni Mbuyuni mchana kutwa. Pengine ameiba. Utajua ndani ya siku 2 au 3, na katika siku hizo hatakuwa na mashine.

Udhaifu wake ni mmoja: wananchi huona hakuna kilichofanyika. Diwani anapata shida kwenye mkutano wa kata. Namwelewa. Lakini maelezo yapo: "mashine imechukuliwa, hesabu zinakaguliwa, majibu tarehe fulani." Watu wa kata zetu wana akili, wakipewa tarehe wanasubiri.

Kwa majirani ikoje?

Panda Costa kutoka stendi ya Moshi mpaka Arusha, kilomita kama 80, utakutana na watu watatu wanaosubiri uchunguzi wa aina moja kwa hali tatu tofauti kabisa.

Wa kwanza ni nesi wa halmashauri: nusu mshahara. Wa pili ni mhasibu wa hoteli ya watalii. Huyo yuko chini ya sheria za kazi za sekta binafsi, na Kanuni za Utendaji Bora za 2007, Tangazo la Serikali namba 42, kanuni ya 27, zinamruhusu mwajiri kumsimamisha kwa tuhuma nzito, lakini kwa mshahara kamili. Wa tatu anafanya kazi Lakilaki, kwenye taasisi ya Umoja wa Mataifa inayomalizia mashauri ya mauaji ya Rwanda. Kule wanaita likizo ya kiutawala, na kwa kawaida ni ya mshahara kamili. Kuikosa ni jambo la pekee, kama vile kukiwa na sababu za msingi za kuamini kwamba mtu amefanya unyonyaji wa kingono.

Wote watatu hawajathibitishiwa kosa. Anayelipwa nusu ni mtumishi wa serikali, yule ambaye mara nyingi mshahara wake ndio mdogo kuliko wote. Kila nilipojaribu kutafuta sababu ya haki ya tofauti hii, sikuipata. Nilipata sababu ya kihistoria tu: kanuni za kiutumishi tulizirithi kutoka utawala wa Waingereza, na nusu mshahara ilikuja nazo.

Afrika Kusini, mwongozo wa nidhamu wa watumishi wa umma wa 2003 unampa mwajiri njia mbili nilizozieleza, kusimamisha kwa mshahara kamili au kuhamisha, tena kwa kosa zito tu na pale ambapo kuwepo kwa mtu kunaweza kuharibu uchunguzi au kuhatarisha watu na mali. Kisha unamtaka aitishe shauri ndani ya mwezi mmoja au siku 60, kulingana na ugumu wa jambo. Likipita hapo, mwenyekiti wa shauri ndiye anayeamua kuongeza muda. Hata hivyo kule nako kesi huburuzwa, na serikali yao imekuwa ikihesabu hadharani fedha inazowalipa watu walioko nyumbani. Kwa hiyo mshahara kamili peke yake hauponyi ucheleweshaji.

India inafanana nasi zaidi, maana nayo ilirithi kutoka mkono uleule. Mtumishi wa serikali kuu aliyesimamishwa huanza kwa posho ya kujikimu inayokaribia nusu ya mshahara. Ikipita miezi 3 na ucheleweshaji si wake, posho hiyo inaweza kuongezwa kwa hadi nusu yake, akafikia kama robo tatu. Akiwa yeye ndiye anayechelewesha, inaweza kupunguzwa. Amri ya kumsimamisha lazima ipitiwe upya kabla ya siku 90, isipopitiwa na kuongezwa inakufa yenyewe. Na mwaka 2015 Mahakama ya Juu ya India ilisema amri hiyo isivuke miezi 3 kama mtu hajapewa hati ya mashtaka; na kama amepewa, mamlaka itoe sababu za maandishi ndipo iongeze muda.

Hapo kwa India ndipo napachukua kwa mikono miwili. Ule mpango wa kulipa zaidi kadiri muda unavyosogea unaigeuza saa: sasa anayeumizwa na kuchelewa ni ofisi. Nikiambiwa nichague moja tu kwa watumishi wa Moshi, kati ya mshahara kamili usio na mwisho na nusu mshahara yenye ukomo wa siku 60, nitachukua ukomo. Mama wa stoo angeweza kuvumilia miezi 2 ya nusu mshahara. Pasua asingeihama.

Namna ya kuchagua

Simu ikilia siku hizi, nauliza kwanza: akibaki, ataharibu nini hasa? Nataka jina la kitu au la mtu. "Ataharibu ushahidi" halinitoshi. Ushahidi upi, uko wapi, na je, tukiuchukua leo saa nane mchana kwa makabidhiano atauharibu vipi? Jibu likiwa ni karatasi na mifumo, ni meza nyingine. Jibu likiwa ni mashahidi walio chini yake, au mtoto, au mgonjwa, ni nyumbani. Jibu likiwa ni "wananchi wamekasirika", bado hatuna sababu.

Kisha nauliza nani ataunda kamati na lini. Afisa akinijibu kwamba kikao kinachofuata ni baada ya miezi 3, namwambia asimpe mtu barua leo kama hakuna hatari ya haraka. Aandae hati ya mashtaka ya nidhamu kwanza. Tatizo la ofisi nyingi ni kutanguliza barua ya kusimamisha na kuacha mashtaka yatafutwe baadaye. Hati ya mashtaka ikiwa tayari mezani, muda wa mtu nyumbani unakatika kwa zaidi ya nusu.

Kama TAKUKURU au polisi wamelichukua na shauri limefika mahakamani, mkondo wa nidhamu kwa kosa lilelile husubiri mahakama imalize, na hiyo inaweza kuwa miaka. Hapo meza nyingine inapata uzito zaidi, hasa kwa mtu ambaye hatari yake ni ya karatasi.

Wewe uliyepewa barua

Saini nakala, andika tarehe na saa. Kusaini ni kupokea, si kukiri. Fanya makabidhiano ya maandishi, kila ufunguo, kila daftari, namba ya kila mashine, na mwombe mwenzako mmoja ashuhudie. Nenda benki wiki hiyohiyo ukiwa na barua yako, uombe marejesho yapangwe upya. Wengi huona aibu, wanaenda mwezi wa nne deni limekwisha kuvimba.

Ukipewa hati ya mashtaka, jibu ndani ya muda ulioandikwa humo, hata kama bado unatafuta nyaraka. Isipokuja, iandikie mamlaka yako ya nidhamu kuiomba, na nakala umpelekee Katibu wa Tume ya Utumishi wa Umma, au Tume ya Utumishi wa Walimu kama ni mwalimu. Chama chako, kiwe TALGWU, TUGHE au CWT, kijue tangu siku ya kwanza. Ada unayokatwa ni kwa siku kama hii.

Uamuzi ukitoka na hukuridhika, Kanuni za 2003 ziliweka siku 45 za kukata rufaa, zikihesabiwa tangu ulipopokea uamuzi. Rufaa huenda kwa Tume, na kutoka kwa Tume huenda kwa Rais. Usikimbilie Tume ya Usuluhishi na Uamuzi wala mahakamani kwanza: tangu marekebisho ya 2016, kifungu cha 32A kinamtaka mtumishi wa umma amalize njia za ndani za sheria yake ndipo aende kwenye njia za sheria za kazi. Nimeona watu wenye haki kabisa wakirudishwa mlangoni kwa sababu hiyo tu, na siku 45 zao zikiwa zimeshakwisha.

Barua ningeiandika hivi

Kijana mmoja wa utumishi aliniomba mwezi uliopita nimpe mfano wa barua. Nikamwandikia ile ya mama wa stoo upya, kama ningeiandika leo. Aya zake za katikati ni hizi:

"Unatuhumiwa kwamba kati ya tarehe hii na hii dawa zilizoorodheshwa kwenye kiambatisho hazikuonekana kwenye leja. Tuhuma hii haijathibitishwa.

"Ili kulinda kumbukumbu za stoo, kuanzia leo utafanya kazi masjala kwa mshahara wako uleule. Funguo na nywila zako zitakabidhiwa leo mbele ya mashahidi wawili, nawe utabaki na nakala.

"Hati ya mashtaka utaipata ndani ya siku 14. Ikifika siku ya 60 uchunguzi haujakamilika, utaelezwa sababu kwa maandishi. Zisipotolewa, utarudi kwenye nafasi yako.

"Nyaraka zote za zahanati zinazopokea dawa kutoka stoo yako zitapekuliwa kwanza kabla ya hatua nyingine yoyote."

Aliisoma kwa simu, akaniuliza ile aya ya mwisho inatoka kanuni ipi. Nikamwambia haitoki kwenye kanuni, inatoka kwenye faili lililokuwa kabati la pili kushoto, ambalo kwa miezi 14 hakuna aliyelifungua.